Mchezo wa kompyuta ukikataa kufunguka: tusikimbilie «formatage»

Ndugu wachimbaji, mama zetu wa nyumbani, na ninyi vijana wa shule, leo tunaweka pembeni kidogo mambo ya mishahara na kofia za kazi. Tunataka kusema juu ya kompyuta ya nyumbani na ule mchezo ambao mtoto anaubonyeza mara mbili, mara tatu, na haufunguki. Wengine watacheka: «Sendika na jeu ya batoto, wapi na wapi?» Wasome mpaka mwisho, wataona wapi.

Hapa Yangambi, karibu kilomita 100 kutoka Kisangani ukishuka na mto, kuna jamaa nyingi ambazo baba anafanya kazi mbali. Wengine wanachimba dhahabu na almasi upande wa Banalia na Bafwasende, wengine wamefika mpaka Durba, kule Haut-Uélé. Baba akipata kidogo, ananunua kompyuta ya okazioni mjini Kisangani, nayo inashuka kwa baleinière pamoja na chumvi na sabuni. Ni mashine moja kwa nyumba nzima. Mkubwa anaandika kazi ya shule, wadogo wanacheza FIFA, PES ao GTA San Andreas. Na kwenye disku ileile, pembeni ya michezo, baba ametia picha za karatasi zake: kontra, fiche de paie, namba ya CNSS, ripoti ya daktari ya siku aliyoumia, hesabu ya koperative.

Sasa mchezo unakataa. Kijana anapeleka mashine kwa fundi. Fundi anaangalia dakika mbili, anasema: «Iko na virusi, tutaformate.» Bei inatajwa, kijana anakubali juu anataka kucheza Jumamosi. Formatage maana yake ni kufuta disku na kuweka Windows upya. Mchezo labda utafunguka, labda hapana. Lakini karatasi za baba zimeenda.

Sisi wa sendika tumelikuta jambo hili katika kutengeneza madosye. Mama mmoja mjane alikuja kutafuta haki za marehemu mume wake. Tulipomuuliza fiche de paie, alijibu kwa sauti ya chini: «Zilikuwa mu mashine, papa delege. Mtoto alipeleka batengeneze jeu.» Zile za karatasi zilikuwa zimekwisha kuliwa na mchwa. Dosye ilisimama miezi mingi tukitafuta mashahidi wa kazi. Na kijana alipotusomea ujumbe ambao kompyuta ilikuwa inaonyesha siku ile, tuliona kwamba mchezo ulikosa faili moja ndogo tu.

Ujumbe ni etiketi

Katika shimo, ajali ikitokea, hatusemi «ni uchawi» wala hatumfukuzi mtu siku ileile. Tunauliza: nini kilianza? Kompyuta pia inataka ulizo hilo.

Wenye kuishi Yangambi wanaijua herbarium, ile nyumba ya mimea iliyokaushwa, iliyobaki tangu wakati wa INEAC, iliyoanzishwa mwaka 1933 na ambayo leo ni INERA. Kila mmea uko na etiketi: jina, pahali, tarehe, aliyeuchuma. Bila etiketi, jani ni jani tu. Ujumbe unaotokea mchezo ukikataa ndiyo etiketi ya ugonjwa. Usiufunge haraka. Uandike neno kwa neno, ao uupige picha kwa simu. Andika pia: mchezo ulikuwa unafunguka zamani ao haujafunguka hata siku moja? Ni kitu gani kilibadilika kati ya jana na leo? Mwenye kujibu hayo amekwisha kufanya nusu ya kazi.

Mashine inaweza kuubeba?

Bonyeza upande wa kuume juu ya «Ce PC», kisha «Propriétés». Hapo utaona memori ya RAM na kama Windows ni ya biti 32 ao 64. Linganisha na kile mchezo unachoomba. GTA San Andreas, mchezo wa zamani, unatosheka na megabaiti 256 za RAM. FIFA 17 inaomba gigabaiti 8 za RAM, nafasi ya gigabaiti 50 kwenye disku, na Windows ya biti 64. Kompyuta iliyo na RAM ya gigabaiti 2 haina ugonjwa ikikataa FIFA 17. Ni kama kumbebesha mtoto wa miaka 8 gunia la mtu mzima. Ukiona «Cette application ne peut pas s'exécuter sur votre PC», mara nyingi ni mchezo wa biti 64 uliowekwa kwenye Windows ya biti 32. Hapo hakuna fundi wa kulipa. Tafuta mchezo wa zamani zaidi.

Kuna pia umri wa Windows. Tangu tarehe 1 Januari 2024, duka la michezo la Steam limeacha kuhudumia Windows 7 na Windows 8. Na michezo ya CD za zamani iliyofungwa kwa kinga inayoitwa SafeDisc haifunguki kwenye Windows 10, hata CD ikiwa safi kama kioo.

Faili zinazokosa

Ujumbe unaotokea sana ni huu: «L'exécution du code ne peut pas continuer, car MSVCP140.dll est introuvable.» Faili za aina ya .dll ni vyombo ambavyo michezo mingi inaazima kwa pamoja, kama vile wachimbaji wa shimo moja wanavyotumia kamba moja. Jina likianza na MSVCP ao VCRUNTIME, inakosa programu ya Microsoft inayoitwa Visual C++ Redistributable. Likianza na d3dx9 ao xinput1_3, inakosa DirectX ya zamani, toleo la Juni 2010, ambayo Windows 10 haiji nayo yote. Zote mbili ni za bure kwa Microsoft. Juu ya Windows ya biti 64, weka Visual C++ zote mbili, ile ya x86 na ile ya x64.

Tunakataza kitu kimoja: kuchukua faili moja ya .dll kutoka mahali pasipojulikana na kuitupa ndani ya folda ya mchezo. Virusi vingi vinaingia kwa mlango huo. Na hata bila virusi, utaona namba 0xc000007b, ambayo mara nyingi inasema kwamba vitu vya biti 32 na vya biti 64 vimechanganyika.

Kwa sisi tulio mbali na intaneti nzuri, andika orodha kabla mtu hajapanda Kisangani. Akirudi na programu hizo mbili pamoja na piloti ya kadi ya video, safari imelipa.

Flashi inayokata mchezo

Michezo yetu mingi inatembea kwa flashi, mkono kwa mkono. Flashi nyingi ziko katika mpango wa FAT32, ambao haukubali faili moja kupita gigabaiti 4. Hapo ujumbe unasema: «Le fichier est trop volumineux pour le système de fichiers de destination.» Watu wanasukuma tu, wananakili faili zingine, wanaacha ile kubwa. Wakifika nyumbani mchezo haufunguki na kosa linatupiwa kompyuta. Dawa ni kutengeneza flashi upya katika exFAT ao NTFS. Lakini kumbuka: hiyo inafuta vyote vilivyo ndani ya flashi, kwa hiyo vihamishe kwanza. Baada ya kunakili, linganisha ukubwa wa folda pande zote mbili. Ukipungua hata kidogo, anza tena.

Piloti, antivirusi na saa

Piloti ni programu ndogo inayofundisha Windows kusema na kadi ya video. Fungua «Gestionnaire de périphériques», kisha «Cartes graphiques». Ukisoma pale «Carte vidéo de base Microsoft», piloti ya kweli haiko. Picha za kawaida zitaonekana, lakini mchezo utakataa ao utatembea kama konokono. Chukua piloti kwa kampuni iliyotengeneza kompyuta ao kadi yenyewe.

Mchezo ukifunguka nukta moja na kupotea bila neno, angalia «Sécurité Windows», kisha «Historique de protection». Labda antivirusi imefunga faili ya mchezo. Hapa tuseme wazi: michezo mingi ya sokoni ni kopi zilizovunjwa. Wakati mwingine antivirusi inazifunga kwa bure, wakati mwingine imeona virusi vya kweli. Mtu anayekuambia «zima antivirusi, weka jeu, utaona» anakuomba uache mlango wazi usiku. Kwenye mashine inayobeba fiche za baba, sisi tunasema hapana.

Kwa GTA San Andreas kuna dawa inayojulikana. Ndani ya «Documents», katika folda «GTA San Andreas User Files», futa faili moja tu, gta_sa.set. Mchezo utaiandika upya. Pahali ulipofika katika mchezo hapapotei, juu panatunzwa katika faili zingine.

Tazama pia saa. Kompyuta ikirudi kila mara kwenye mwaka wa zamani, betri ndogo ya ndani imekufa. Katika kompyuta ya mezani mara nyingi ni CR2032, ya volti 3. Michezo inayopitia intaneti inakataa mashine yenye tarehe ya uongo. Betri hiyo ni bei ndogo.

Na mashine ikizimika yenyewe wakati mchezo unaanza, hiyo si kazi ya Windows. Mchezo unafanya mashine ipate joto kuliko kuandika barua. Vumbi likiziba feni, ao umeme wa grupu ukipanda na kushuka, inazimika. Zima kila kitu, toa vumbi kwa burashi laini, na usiweke laptopu juu ya godoro.

Ukienda kwa fundi

Hatusemi mafundi ni watu wabaya. Wengi wanajua kazi na wanakula jasho lao kama sisi. Lakini nenda kwa fundi kama vile delege anavyoenda mbele ya patroni: na karatasi mkononi. Mwonyeshe ujumbe ulioandika. Mwambie ulichokwisha kujaribu. Mwulize: «Yaya, ugonjwa ni gani, na umeuonaje?» Bei isemwe kabla ya kazi, na iandikwe. Na maneno haya yasemwe wazi: hakuna formatage kabla ya nakala. Mwenye kukataa kuandika maneno hayo, beba mashine yako, urudi nayo nyumbani.

Mama akiwa peke yake na baba yuko porini, asione haya kuuliza. Mashine ni yake pia, na siku ya msiba, ao ya pensheni, ni yeye atakayeombwa karatasi.

Jasho letu liko ndani

Ndani ya kompyuta hiyo kuna tantali inayotoka katika koltani, kuna kasiteriti iliyogeuka bati la kuunganishia nyaya, kuna dhahabu kidogo kwenye viungo, na kobalti katika betri nyingi za laptopu. Zaidi ya nusu ya kobalti ya dunia inatoka Kongo. Mwaka 2000, dunia ilipokuwa inataka simu na mashine nyingi, na PlayStation 2 ilipotoka Japani mwezi wa tatu, bei ya tantali iliruka sana. Watu wengi wa Kivu waliacha mashamba wakaingia kwenye koltani. Mwaka uliofuata bei ikaanguka, na mchimbaji akabaki na shimo. Mambo ya mashine hizi yametugusa tangu zamani, kabla watoto wetu hawajagusa kibodi. Haifai mtu aliyechimba vitu vyake asimame mbele yake kama mgeni, akikubali kila analoambiwa.

Kwa hiyo wiki hii, hata kama michezo yote inafunguka vizuri, fanyeni kazi moja. Chukueni flashi mbili. Nakilini juu ya kila moja kontra, fiche de paie, namba ya CNSS na karatasi za hospitali. Moja ibaki nyumbani ndani ya mfuko wa plastiki, kavu. Nyingine itunzwe na mtu wa jamaa anayeaminika, katika nyumba nyingine. Fungueni faili mbili, tatu, kuhakikisha zinasomeka. Na mkionyeshwa karatasi za kweli zenye muhuri, msizitupe juu ya kuwa na picha.

Kisha mwacheni mtoto akae na daftari, aandike ule ujumbe wa mchezo wake neno kwa neno, na atafute sababu mwenyewe kabla ya mtu yeyote kuomba makuta.