Barua Iliyotoka Mbali: Kwa Nini "Maandiko ya Kale" Hayafi

Fungua grupu lolote la darasa, hutakosa ujumbe wa aina hii: kimegunduliwa kitabu cha kale, kilifichwa maelfu ya miaka, kinafichua siri za nyota na siku ya mwisho, watumie watu kumi upate heri, ukipuuza utajionea. Wengi wetu tunacheka na kufuta. Ila wapo wanaotuma kimya kimya, kwa sababu wanaogopa.

Sisi wa Elimu tutakuja kuulizwa habari hizi. Nilipokuwa TP kwenye shule moja ya ufukweni, upande wa Nyasa, mwanafunzi wa kidato cha pili aliniletea ujumbe kama huo. Alikuwa ameunakili kwenye karatasi ya daftari, maana simu shuleni haziruhusiwi. Mama yake alikuwa anaumwa, na swali lake lilikuwa moja: asipousambaza, mama atapona kweli? Mtoto kama huyo ukimwambia "uongo huo, nenda kasome", hujamsaidia. Jibu linahitaji historia, na historia yenyewe ipo huku huku kusini.

Lindi, 1908

Mwaka 1908 ilizagaa Lindi na maeneo ya jirani barua ambayo wanahistoria wanaiita Barua ya Maka. Ndani yake Sheikh Ahmad, anayetajwa kuwa mlinzi wa kaburi la Mtume huko Madina, anasimulia kwamba Mtume amemjia ndotoni. Watu wameiacha dini, kiama kimekaribia, tubuni. Kisha inakuja amri: atakayeinakili na kuipeleka mji mwingine atapata thawabu, atakayeizuia atapata hasara.

Wajerumani walishtuka sana. Vita vya Majimaji, 1905 hadi 1907, vilikuwa vimetoka kuisha. Walikuwa wamechoma mashamba na maghala, na njaa ikaua watu wengi kuliko risasi. Makadirio ya waliokufa ni kati ya 75,000 na 300,000. Hapo Songea viongozi wa Wangoni walinyongwa mwaka 1906. Kwa hiyo serikali ilipoiona karatasi inayopita mkono kwa mkono, ikaona vita vingine vinakuja.

Kumbe barua yenyewe ilikuwa imeshazunguka dunia. Mwanazuoni wa Kiholanzi, Snouck Hurgronje, aliiandikia miaka ya 1880, ilipokuwa ikisambaa kwenye visiwa ambavyo leo ni Indonesia. Wakristo nao wana zao. Mwaka 745 sinodi ya Roma, chini ya Papa Zakaria, ilimhukumu mhubiri Aldebert, aliyedai kuwa na barua ya Yesu iliyoanguka kutoka mbinguni. Na askari wengi wa Kijerumani walibeba "barua za mbinguni" mfukoni ili risasi zisiwapate, hadi Vita Kuu ya Kwanza. Yaani taifa lililoyacheka maji ya Kinjikitile lilikuwa na maji yake ya karatasi.

Inavyofanya kazi

Ukiziweka barua hizi pamoja utaona zinafanana. Kwanza, chanzo ni cha mbali na kinaheshimika, hivyo huwezi kwenda kuuliza. Pili, ahadi yake haipimiki. Ukituma na jambo jema likatokea, ni barua. Lisipotokea, hukuamini vya kutosha. Tatu, na hii ndiyo roho yake, inakuamuru unakili. Andiko lisilo na amri hiyo linaishia kwa mtu mmoja, lenye amri linaishi hata kama mwandishi wake hajulikani.

La nne ni majira. Barua ya 1908 ilifika kwa watu waliokuwa wametoka kuzika. Ujumbe wa mwanafunzi wangu ulimkuta mama yuko kitandani. Nilimweleza kwamba karatasi ile haimjui mama yake, kwamba wazee wa kusini waliwahi kuipokea inayofanana nayo, na dunia haikuisha. Halafu tukazungumza kuhusu zahanati.

Tusiwadharau watu wa 1908. Agosti 1914 meli ya Waingereza, Gwendolen, iliishambulia meli ya Wajerumani, Hermann von Wissmann, pale Liuli, enzi hizo Sphinxhafen. Nahodha wa Kijerumani alikuwa bado hajapata habari kwamba vita vimeanza. Kama nahodha wa serikali hakujua, mkulima wa Lindi angeihakiki vipi ndoto ya Madina? Sisi wenye bando hatuna kisingizio hicho.

Na tukitaka elimu ya kale kweli, twendeni milimani Mbinga. Wamatengo wanalima kwa ngoro: majani yanakatwa na kulazwa kwa mistari inayokatizana, udongo unachimbwa katikati ya miraba na kufunikiwa juu yake, yanabaki mashimo yanayozuia maji ya mvua yasiuporomoshe udongo. Haikuhitaji kitabu cha siri. Mzazi alimwonyesha mtoto shambani, na mvua kubwa ikinyesha kila mtu anaona kama shimo limeshika maji au halikushika. Hakuna anayetishiwa laana akiuliza kwa nini.

Basi ujumbe ukikufikia tena, uliza: nani kaandika, nitaupima vipi, na kwa nini una haraka hivyo ya kusambazwa? Ukikosa majibu, uishie kwako.