Chupa ya Chumvi Kisiagini Nkubu

Kwenye rafu ya kisiagi kimoja mjini Nkubu, kati ya mizani na daftari la madeni, kuna chupa ya plastiki ya soda iliyobanduliwa karatasi yake. Kando yake pana kikopo cha chumvi. Mwenye kisiagi, mama wa makamo aliyeniomba nisimtaje jina, huitumia chupa hiyo kuamua mahindi ya nani yasagwe leo na ya nani yarudi nyumbani yakaanikwe tena.

Nilikuwa nimekuja kuuliza bei ya unga. Habari ya bei ikaishia hapo hapo.

Kipimo chenyewe kinaanzia jikoni. Chumvi ya kawaida huwekwa kwenye sufuria kavu juu ya moto mdogo, ikakorogwa mpaka iache kushikana mabonge, maana huku kwetu kwenye miteremko ya Mlima Kenya chumvi nayo hunywa maji hewani. Huachwa ipoe. Chupa sharti iwe kavu kabisa ndani, na kifuniko kadhalika. Kisha mama anafungua gunia la mteja na kuchota mahindi mahali patatu: juu, katikati na chini. Ya chini huyafuata kwa kuzamisha mkono hadi begani, na hapo ndipo wateja huanza kununa. Anajaza theluthi moja ya chupa, anatia vijiko viwili vitatu vya chumvi, anafunga, anatikisa dakika nzima huku akiuliza habari za watoto. Anaiweka chini, anahudumia wengine. Baada ya robo saa anaiinua kwenye mwanga wa mlango.

Chumvi ikiwa imerudi chini na mahindi, kuta za chupa zikabaki safi, unyevu haujapita asilimia 15 au hapo karibu. Ikiwa imegandia kuta na kuacha utando mweupe, kama ukungu wa asubuhi kwenye kioo cha matatu, mahindi bado yana maji.

“Mtu akiona chumvi imeshika hana la kubishana na mimi,” ananiambia. “Abishane na chupa.”

Nilimwona shosho mmoja akibishana na chupa. Alikuwa na gorogoro tatu ndani ya mfuko wa kaki, akaitazama chupa, akamtazama mama, akasema ameanika siku nne. “Siku nne za jua au siku nne za kalenda, shosho?” Watu wakacheka, shosho naye akacheka, lakini alifunga mfuko wake akatoka. Akasimama kidogo barabarani, kisha akavuka kwenda upande wa pili, kwenye kisiagi kingine kisicho na chupa.

Hiyo ndiyo sababu mama hataki jina lake gazetini. Mahindi hayo si ya mgeni: ni ya majirani, ya wanachama wa chama, ya watu wa kanisani. Kumwambia mtu mbele ya foleni kwamba mahindi yake yana maji ni kama kumwambia hajui kutunza boma. Na hasara anaiona mara moja, kwa macho, ikivuka lami.

Kinachomsukuma ni mwaka 2004. Wasomaji wa rika langu hawahitaji kusimuliwa upya: Makueni, Kitui na jirani zake, watu wenye macho ya manjano na matumbo yaliyovimba, wagonjwa 317 waliohesabiwa hadi Julai, na 125 kati yao wakafa. Sumu ilikuwa aflatoksini, ambayo wenzetu wa Tanzania huiita sumukuvu na ambayo wao pia iliwapiga Dodoma na Manyara mwaka 2016. Huzalishwa na kuvu aitwaye Aspergillus flavus, ambaye makao yake ni udongoni na ambaye hupenda mahindi yaliyoteswa na ukame shambani, yakatobolewa na wadudu, kisha yakahifadhiwa mabichi. Ikifika kwenye ini, ini lenyewe huigeuza kuwa kitu kikali zaidi kinachoshikamana na vinasaba vya seli. Ikiingia nyingi kwa mara moja, inaua ndani ya siku au wiki. Ikiingia kidogo kidogo kwa miaka, inaleta saratani ya ini, hasa kwa mwenye virusi vya hepatitisi B.

Lililonisumbua mimi ni jambo dogo ndani ya uchunguzi wa mwaka ule. Watafiti waliwalinganisha waliougua na majirani zao wazima. Mahindi ni yale yale ya kienyeji, chakula ni kile kile, mvua ni ile ile. Moja ya tofauti zilizojitokeza ni mahali mahindi yalipolala. Kwenye nyumba za waliougua, mara nyingi zaidi, mahindi yalikuwa yamewekwa yakiwa na unyevu ndani ya nyumba ya kuishi, si kwenye ghala la nje. Njaa ilikuwa imebisha, wezi wa mahindi walikuwa wameanza kazi, na watu walivuna mapema wakayaingiza ndani walikoweza kuyalinda.

Ukisoma habari za ukungu wa nyumbani kutoka Marekani, utakutana na mwingine kabisa: kuvu mweusi wa ukutani, Stachybotrys, anayeota kwenye karatasi za kuta na mbao za jasi zilizolowa. Naye ana sumu zake. Mwaka 1993 na 1994 alishukiwa kuwatoa damu mapafuni watoto wachanga mjini Cleveland, ingawa taasisi ya kudhibiti magonjwa ya huko ilipopitia ushahidi upya mwaka 2000 ikasema uhusiano huo haujathibitishwa. Yule mweusi anatisha kwa sura, na huko Marekani ana mawakili na kampuni za kumsafisha. Wetu ana rangi ya kijani na manjano, anakaa ndani ya gunia chini ya kitanda, na ushahidi dhidi yake haubishaniwi na mtu.

Nilimuuliza mama kama watu wa Nkubu bado hulala na mahindi. Akanitazama kwa huruma kidogo. “Mwanangu, wewe ukiwa na magunia sita ndiyo karo ya muhula, utayalaza wapi? Nje?” Maghala ya fito yaliyoinuliwa kwa miguu yamepungua. Nyumba sasa ni ya mawe, sakafu ni saruji, gunia linaegemezwa ukutani chumbani, na saruji baridi hupandisha unyevu usiku kucha. Yeye huwaambia angalau waweke mbao chini na kuacha upenyo kati ya gunia na ukuta. Wengine hufanya hivyo. Mifuko ile ya kuzuia hewa yenye plastiki mbili ndani anaisifu, lakini anaonya kwamba mtu akifungia humo mahindi mabichi amejipikia balaa.

Kalenda nayo haisaidii. Mahindi ya mvua za Oktoba huvunwa Februari na Machi, mara mawingu ya masika yameshafika mlangoni. Ya masika hukutana na baridi ya Julai, siku ambazo jua la Imenti Kusini linaweza kujificha wiki nzima. Watu huanika kando ya lami, uani, popote, na mara nyingi juu ya udongo mtupu, nyumbani kwa kuvu mwenyewe. Utafiti uliofanywa papa hapa Meru na Tharaka-Nithi ulionyesha kuwa mafunzo pamoja na turubai ya kuanikia, kitu rahisi kiasi hicho, yalipunguza aflatoksini kwa zaidi ya nusu. Mama hajausoma. Lakini ana turubai mbili anazoazimisha, na moja haijarudi tangu Machi.

Sasa tuje kwenye lile linalomnyima usingizi, na ambalo nilidhani nitamshtua nalo nikakuta analijua kuliko mimi. Chumvi hupima maji. Haipimi sumu. Mahindi yaliyolowa mwezi uliopita, yakaota ukungu, yakaanikwa tena yakakauka, yatapita kwenye chupa bila doa. Asilimia 15 yenyewe bado iko juu, kwa sababu mahindi ya kuweka ghalani hutakiwa yasizidi 13.5. Jicho nalo lina mpaka wake: punje iliyooza itaonekana na kutupwa, lakini punje yenye sura nzuri inaweza kuwa na sumu, na punje chache zikatosha kuharibu debe zima. Kupika hakuiondoi. Ugali uchemke utakavyo, githeri ikae mekoni tangu alfajiri, aflatoksini hubaki.

Mashine yake ya kukoboa inasaidia kwa sehemu, kwa kuwa kiasi kikubwa cha sumu hukaa kwenye ganda na kiini, vile vinavyotoka na pumba. Nikafurahi kusikia hivyo. Kisha akanionyesha magunia ya pumba pembeni. “Hizo ni za ng’ombe.” Na ng’ombe akila pumba zenye sumu, mwili wake huibadili kidogo na kuitoa kwenye maziwa. Tulichokitoa kwenye ugali wa jioni kinaweza kurudi kwenye chai ya asubuhi.

Dawa zipo, lakini nyingi ziko mbali na mlango wa kisiagi. Ile ya Aflasafe, inayotengenezwa Katumani, ni punje za mtama zilizopakwa ndugu za kuvu huyu wasiotoa sumu. Hunyunyizwa shambani wiki mbili tatu kabla ya mahindi kuchanua, kilo nne kwa ekari, ili wale wema wawahi nafasi. Mahindi yakifika kwa mama, wakati huo ulishapita. Vipo pia vifaa vinavyosoma sumu yenyewe dhidi ya kiwango chetu cha sehemu 10 kwa bilioni, na viwanda vikubwa huvitumia, japo Novemba 2019 unga wa kampuni tano bado uliondolewa madukani. Hakuna anayetarajia kifaa hicho kwenye kisiagi cha Nkubu, ambako mtu huja na gorogoro tatu na shilingi za kusagia zikiwa zimehesabiwa.

Kuna jingine ambalo sikuweza kumjibu. Alikuwa amesikia kwamba watafiti walipita Meru na Tharaka-Nithi wakizibadilishia familia mahindi mabaya kwa mazuri, kuona kama watoto watakua vizuri zaidi. Ni kweli, matokeo yalichapishwa mwaka 2018. Sumu kwenye damu ilipungua, ila mwisho wa jaribio urefu wa watoto haukuonyesha tofauti ya wazi. “Kwa hivyo inawadumaza au haiwadumazi?” akauliza. Nikarudia nilichosoma. Hakuridhika, na sioni kwa nini angeridhika.

Mwaka 2010 serikali ilitangaza kwamba magunia milioni 2.3 ya mahindi ya upande huu wa mashariki hayakufaa kuliwa. Mama analikumbuka tangazo lile redioni, na anakumbuka kwamba mwezi uliofuata kisiagi chake kilisaga kama kawaida. Mkulima aliyeambiwa hivyo alikuwa na njaa ile ile ya jana, na gunia lile lile. Nilimuuliza mahindi ya yule shosho yangefanywa nini kama visiagi vyote viwili vingekuwa na chupa.

“Angeyapeleka kwa kuku,” akasema. “Kisha angekuja kwangu kukopa unga. Wewe ungemkopesha?”