Kesi ya Shamba: Sahihisha Hati Yako Mapema

Hakuna jambo linalokosanisha ndugu Ukambani kama shamba. Kuanzia Mwingi na Mutomo kule Kitui hadi Wote na Kibwezi huko Makueni, watu waliokunywa maji ya mtungi mmoja hufikishana kortini kwa sababu ya mpaka wa mikonge uliopandwa na babu yao. Wengine hushindwa, si kwa kuwa shamba si lao, bali kwa kuwa hati ya madai ilikuwa na kasoro nao wakanyamaza.

Fahamu kwamba jaji haamui yaliyo moyoni mwako. Huamua yaliyo katika hati. Tuseme shamba lenu ni nambari 241, lakini aliyepiga chapa akaandika 214. Ukishinda, utakuwa umeshinda shamba la jirani asiyehusika! Au umemshtaki binamu yako peke yake, kumbe amekwisha kumwandikisha mtu mwingine shamba hilo. Amri dhidi ya binamu itakufaa nini?

Usikate tamaa. Agizo la 8 la Kanuni za Kesi za Madai za mwaka 2010 linakuruhusu kurekebisha hati yako mara moja bila kuomba ruhusa, mradi kipindi cha kubadilishana hati hakijafungwa. Kipindi hicho hufungwa siku 14 baada ya mlalamishi kumkabidhi mwenzake majibu ya utetezi. Kama hakuna majibu, siku hizo huhesabiwa tangu utetezi ulipokabidhiwa.

Ukichelewa, itakubidi uombe ruhusa ya korti. Tangu mwaka 1958, katika kesi ya Eastern Bakery dhidi ya Castelino, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilieleza kuwa marekebisho yanayoombwa kabla ya kesi kusikizwa yakubaliwe bila ugumu, ikiwa upande wa pili hautadhulumiwa. Usumbufu unaoweza kufidiwa kwa kulipwa gharama si dhuluma. Lakini ukingoja hadi mashahidi wamalize kusema, mambo huwa magumu.

Ukipewa ruhusa, usilale. Iwapo korti haikutaja muda, una siku 14 tu, kisha ruhusa hiyo hufa. Maneno yanayoondolewa hukatwa kwa wino mwekundu lakini yabaki yakisomeka, na yanayoongezwa hupigiwa mstari mwekundu chini yake, ili kila mtu aone kilichobadilishwa.

Je, kila kasoro huponywa hivyo? La. Madai ya kurudishiwa ardhi hufunguliwa katika muda wa miaka 12. Baada ya hapo korti yaweza kuruhusu jina lirekebishwe, au dai linalotokana na mambo yale yale liongezwe, lakini si hadithi mpya kabisa.

Tena, ukishtaki kwa niaba ya marehemu baba yako kabla ya kupewa idhini ya korti ya kusimamia mali yake, kesi hiyo haina miguu. Idhini itakayopatikana baadaye haitaifufua. Tafuta idhini kwanza. Na mlalamishi akifariki kesi ikiendelea, familia ina mwaka mmoja wa kuomba msimamizi wa mali yake achukue nafasi yake.

Kama sehemu yenu bado inapimwa na kuamuliwa ni ya nani, sheria inataka kibali cha maandishi cha afisa msimamizi wa shughuli hiyo kabla ya kwenda kortini. Wengi husahau jambo hili.

Siku hizi Mahakama ya Mazingira na Ardhi, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011, husikiza kesi Kitui na Makueni. Kwa hiyo, kabla ya kutia sahihi, linganisha hati na cheti cha shamba, tarakimu kwa tarakimu, jina kwa jina. Kama husomi vizuri, mwombe mtoto wako akusomee. Ukiona kosa, mwambie wakili wako siku hiyo hiyo. Usipoziba ufa, utajenga ukuta.