Mganga Naye Hula kwa Kazi Yake

Juzi baada ya magharibi nalikuwa barazani, kitabu mkononi, alipopita kijana wa jirani yangu. Akanisalimu, akachungulia jalada, kisha akauliza, "Ami, hawa waganga wa hadithi za Wazungu, mshahara wao hulipwa na nani?" Akacheka. Mimi sikucheka, maana swali lile lilikuwa zito kuliko alivyodhani mwenyewe.

Sihri tumekatazwa, wala sina nia ya kuitetea. Nazungumzia hadithi ya kubuni tu, A Wizard of Earthsea, aliyoitoa mwandishi wa Marekani, Ursula K. Le Guin, mwaka 1968. Mwenye fani hiyo namwita mganga, si mchawi, kwa kuwa kwetu mchawi hutembea usiku, na mganga hupigiwa hodi mchana.

Earthsea ni nchi ya visiwa na bahari, basi mtu wa pwani haoni ugeni. Manahodha wetu walingoja kaskazi na kusi. Wa kule humchukua chomboni mjuzi wa kuita upepo, naye ni mtu wa kazi kama serahangi. Kijijini yupo mwanamke wa kutibu mbuzi na wagonjwa. Waliohitimu chuo cha kisiwa cha Roke hupewa fimbo, wakaenda wanakohitajiwa, na wengine huwatumikia mabwana wakubwa mijini.

Ged, mwana wa mfua shaba wa kisiwa cha Gont, alipohitimu alipelekwa Low Torning, visiwani kwa wavuvi. Si mahali pa kutajirikia. Wenyeji walikuwa wameomba mganga kwa kuyahofu majoka ya kisiwa cha Pendor. Huku nyuma Ged alikuwa na msiba wake mwenyewe. Alipokuwa mwanafunzi, kwa kutaka kujionyesha, alikifungulia njia kivuli kiovu, nacho kikawa kinamwandama. Mganga hajigangi.

Alipolikabili joka kongwe, alilitaja jina lake la kweli, na katika nchi ile ajuaye jina ndiye mwenye nguvu. Joka likataka wafanye biashara: limtajie jina la kivuli kile, apate kuokoka. Ged akakataa. Badala yake akaliapisha, lenyewe na wanawe, wasiruke tena kwenda visiwani kwa watu. Nguvu aliyokuwa nayo aliitumia kwa ajili ya wavuvi waliomwita, nafsi yake akaiacha hatarini.

Baadaye, katika jumba moja la kisiwa cha Osskil, alipata mwajiri wa namna nyingine. Wenyewe walimtaka alitumikie jiwe la kale lenye uovu ndani yake, na malipo yalikuwa ukuu pamoja na jina lile lile alilolikosa. Akakimbia kwa mbawa za kipanga.

Hapo nikakumbuka chuoni, tulipofika Sura ya Al-A'raf. Hicho si kisa cha kubuni. Wachawi walipoletwa mbele ya Firauni, la kwanza waliuliza kama watapata ujira wakishinda. Akawakubalia, akawaongezea cheo cha kuwa karibu naye. Kisha fimbo ya Nabii Musa ikameza uongo wao, nao wakaanguka kusujudu. Firauni akawatisha kuwakata mikono na miguu kwa kupishana, na kuwasulubu. Hawakurudi nyuma. Watu waliokuja kuulizia ujira waliuacha ujira na aliyeuahidi.

Haya ndiyo yaliyonizuia kucheka. Mwaka mmoja wa uchaguzi, mtu alinijia pale pale barazani na bahasha. Alitaka shairi la kumkejeli mshindani wake. Nalikuwa na karo ya watoto, na mwezi ulikuwa mbali. Nikatunga, na likaimbwa mitaani hadi watoto wadogo wakalijua. Yule aliyekejeliwa tulikuwa tukisimama safu moja msikitini, na baada ya sala hakuacha hata siku moja kunipa mkono. Karo ililipwa. Mkono ule ningali nao katika kiganja changu hadi leo.

Kijana alikuwa bado amesimama akingoja jawabu. Nikamwambia, "Hulipwa na mwenye haja naye, mwanangu, kama fundi, na kama malenga." Akaitikia, akaenda zake. Nami nikachukua kalamu:

Ujira si kosa lake, mtu hula kwa jashole,
Tazama mlipa wake, atakacho nini yule,
Kinywa na heshima yake, visiuzwe kwa pishile,
Aulize kazi yake, yamfaa nani mbele.