Mikono ya Kidiaba

Mu Kamalondo, ukitaja Kidiaba, batoto banakaa chini na kuruka na matako. Sisi tunakumbuka zaidi mikono yake.

Tarehe 14 Desemba 2010, kule Abu Dhabi, Internacional ya Brazil ilipiga shuti juu ya shuti, yeye akakatala. Kabangu na Kaluyituka bakafunga, 2-0, na Mputu hakuwamo: FIFA ilimufungia mwaka muzima. Mazembe ikaingia finali ya dunia ya maklabu, ya kwanza kutoka Afrika. Inter Milan ikatupiga 3-0, ndiyo.

Lakini muangalie kazi yenyewe. Aliingia Mazembe 2002. Ninyi ba mu migodi, muko bangapi benye kukaa miaka kumi na tatu pa posti moja? 2015, Mazembe ikichukua tena kombe ya Afrika, Kidiaba alikuwa angali mu timu, na miaka 39.