Chuo cha kuchonga wakati

Mwanamume aliyevaa koti anasimama ndani ya bwawa lililokaushwa maji, kijijini Bagno Vignoni, Italia. Anawasha mshumaa, anaukinga kwa kiganja, kisha anaanza kutembea taratibu kuelekea upande wa pili. Moto unazimika. Anarudi alikoanzia, anauwasha upya. Safari hii anafika mbali kidogo, unazimika tena. Anarudi. Mara ya tatu anavuka. Kamera inakwenda naye sambamba muda wote huo, takriban dakika tisa, bila kukatwa hata mara moja. Kwa sehemu kubwa unachosikia ni hatua zake, maji yanayodondoka na pumzi.

Hiyo ni sini ya Nostalghia, filamu ya mwaka 1983 ya Mrusi Andrei Tarkovsky; mwenye mshumaa ni mwigizaji Oleg Yankovsky. Mtu aliyezoea tamthilia za jioni atatafuta rimoti kabla dakika ya pili haijaisha. Akivumilia hadi ya tano, atajikuta anauonea moto ule huruma, na anazibana pumzi zake mwenyewe usije ukazimika.

Tarkovsky aliiita kazi hii kuchonga wakati, na akaiandikia kitabu. Mwongozaji, kwa maelezo yake, anakabidhiwa bonge la wakati lililojaa maisha ya kila aina, naye anaondoa kila kisichohusika mpaka ibaki filamu. Yeye alitolea mfano marumaru. Sisi tungesema mpingo.

Swali ni wapi mtu anafundishwa ufundi wa namna hiyo. Jibu lake lina anwani: Moscow, katika chuo cha filamu kiitwacho VGIK, kilichoanzishwa mwaka 1919, chuo cha kwanza cha filamu duniani kuendeshwa na serikali. Kilizaliwa katika shida. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilikuwa vinaendelea, nchi ilikuwa imezingirwa, na mikanda ya filamu ilikuwa adimu mno. Mwalimu mmoja kijana, Lev Kuleshov, akabuni njia: wanafunzi wake waliigiza filamu bila mkanda. Walipanga shoti jukwaani moja baada ya nyingine, wakibadilisha mandhari haraka haraka, kana kwamba kamera ipo. Mkanda haukuwepo, lakini kila mmoja alilazimika kujua shoti inaanzia wapi na inakomea wapi.

Kuleshov ndiye aliyefanya lile jaribio maarufu la uso wa mwigizaji Ivan Mozzhukhin. Uso uleule usioonyesha lolote uliunganishwa na sahani ya supu, kisha na jeneza, kisha na mtoto anayecheza. Kwa jinsi mwanafunzi wake Pudovkin alivyosimulia, watazamaji walimsifu mwigizaji kwa mawazo yake mazito mbele ya supu, huzuni yake na furaha yake. Mkanda wenyewe haukusalia, ila funzo lilisalia: maana inazaliwa kwenye kiungo, pale shoti mbili zinapokutana. Sergei Eisenstein, ambaye naye alifundisha hapo, alilisukuma wazo hilo mbali zaidi ya mtu yeyote.

Tarkovsky aliingia chuoni mwaka 1954, baada ya kukaa kama mwaka mmoja Siberia na msafara wa wanajiolojia, akawekwa darasa la Mikhail Romm. Darasani alikuwemo pia Vasily Shukshin, kijana wa kijijini aliyekuja kuwa mwandishi na mwongozaji wa watu wa kawaida. Romm mwenyewe alikuwa amejipatia jina kwa filamu za kumtukuza Lenin. Ukizitazama kazi za watatu hao, huwezi kudhani wametoka chumba kimoja, na mimi nahesabu hiyo kuwa sifa kubwa ya mwalimu.

Maana Tarkovsky alikuja kuikana imani ya waasisi wa chuo chake. Kwake yeye mkasi hauumbi mwendo wa filamu. Wakati umo ndani ya shoti tangu inapopigwa, una uzito wake na kasi yake, na mhariri anachofanya ni kutafuta shoti zinazokubali kukaa pamoja. Hilo halikumrahisishia kazi. Filamu yake ya Zerkalo, yaani Kioo, ya mwaka 1975, aliipanga na kuipangua kiasi cha mara ishirini au zaidi. Kila mara ilisambaratika, hadi alipojaribu mpangilio mmoja zaidi, ikasimama.

Hapa pana mtego. Kurefusha tu si kuchonga. Sote tunazijua zile filamu zetu za enzi ya DVD: gari linapiga honi getini, mlinzi anafungua, gari linaingia, linaegeshwa, mlango unafunguliwa, mwenye nyumba anapanda ngazi, na sehemu ya kwanza inakaribia kuisha. Dakika zimepita, hakuna kilichobadilika ndani yake. Mshumaa wa Yankovsky una hatari kila sekunde.

Na wakati una gharama. Mwaka 1985, kisiwani Gotland, Sweden, Tarkovsky alikuwa anapiga filamu yake ya mwisho, Offret. Nyumba ilijengwa ili iteketezwe katika shoti moja ndefu. Ikawashwa moto, kamera ya Sven Nykvist ikakwama. Nyumba ikaungua yote bila kupatikana picha waliyoitaka. Ikabidi ijengwe nyingine na kuchomwa upya, na ndiyo tunayoiona kwa zaidi ya dakika sita. Tarkovsky alifariki Paris tarehe 29 Desemba 1986, akiwa na miaka 54.

Chuo kiliwapokea Waafrika pia. Souleymane Cissé wa Mali alisoma Moscow miaka ya 1960. Filamu yake Yeelen ilipata Tuzo ya Majaji Cannes mwaka 1987. Abderrahmane Sissako, mzaliwa wa Mauritania aliyekulia Mali, alifika VGIK mwaka 1983. Katika Timbuktu, ya mwaka 2014, wanamgambo wamepiga marufuku soka, basi vijana wanacheza bila mpira: wanapigiana pasi, wanaruka kupiga vichwa, kipa anajirusha. Sissako hana haraka nao. Angekata baada ya sekunde kumi, ingekuwa kichekesho; kwa kuwa anawaacha wacheze, tunaanza kuuona mpira.

Aliyekwenda mbali kuliko wote kwa shoti ndefu ni Aleksandr Sokurov, mhitimu wa mwaka 1979. Tarehe 23 Desemba 2001 alipewa siku moja ndani ya jumba la makumbusho la Hermitage, St. Petersburg, kupiga filamu nzima, Russkiy Kovcheg, kwa shoti moja isiyokatwa, takriban saa moja na nusu, waigizaji zaidi ya elfu mbili wakisubiri zamu zao vyumbani. Majaribio matatu ya kwanza yalikwama. La nne, mwanga wa majira ya baridi ukiyoyoma, mpiga picha Tilman Büttner alifika nalo mwisho akiwa na kamera ileile mwilini. Ni ushujaa usiopingika. Hata hivyo, nikiitazama filamu hiyo najikuta mara nyingi zaidi nawaza juu ya mgongo wa Büttner kuliko juu ya historia ya Urusi, na katika vyumba viwili vitatu ningemwomba Kuleshov aje na mkasi wake.