Sababu na Kamba Yake: Neno juu ya Uchawi na Maradhi Kando ya Ziwa

Katika hadithi za Wasukuma, mashuhuri sana ni ile ya Masala Kulangwa na zimwi Shing'weng'we. Zimwi lilimeza watu wote pamoja na mifugo yao, akasalia mama mmoja mja mzito aliyekuwa amejificha. Mama akazaa mtoto mwanamume. Naye alipokua alilitafuta zimwi, akaliua, akalipasua tumbo, na wote waliomezwa zamani wakatoka wazima. Wasikilizaji hawaulizi waliishije humo miaka ile yote. Katika nchi ya hadithi, mbali na karibu ni mamoja, na jana na leo ni mamoja.

Kwa hadithi, jambo hilo halina hatia. Lakini watu wengi wa pande hizi za Mwanza, kama watu wa mahali pengi ulimwenguni, wamedhani kwamba hata nchi hii tuikanyagayo hufuata sheria ile ile. Kwa Kisukuma uchawi huitwa bulogi, neno lililo ndugu ya kuroga kwa Kiswahili. Husemwa kwamba mchawi aweza kukaa nyumbani kwake na kumdhuru mtu aliye safarini, na kwamba kinyongo cha mwaka juzi chaweza kuua leo. Mtaalamu James Frazer, katika kitabu chake The Golden Bough kilichoanza kutolewa mwaka 1890, alionyesha kwamba mawazo ya namna hii yana kanuni mbili: kwamba vitu vifananavyo hutendana, na kwamba vitu vilivyogusana huendelea kutendana hata vikitengwa mbali. Ndiyo sababu watu wengi huficha kucha na nywele walizokata.

Tusidhani kwamba wenye imani hiyo hawana akili. Mtaalamu Evans-Pritchard aliandika mwaka 1937 habari za Wazande, ambao ghala yao huweza kuwaangukia watu waliokaa kivulini mwake. Wazande wajua vema kwamba mchwa wamekula nguzo. Wanalouliza ni hili: mbona imeanguka saa ile ile, juu ya watu wale wale? Swali hilo ni la kila mtu aliyefiwa. Hatari imo katika jibu.

Hapa lugha yenyewe yaweza kutusaidia. Neno letu sababu limetoka katika Kiarabu, na huko maana yake ya kwanza ni kamba. Na matokeo ni mambo yaliyotoka mahali, yakapita njia, yakafika. Ndoo haipandi kisimani ila kamba imefungwa huku na huku. Hata nuru ya jua hairuki: husafiri kadiri ya dakika 8 ndipo itufikie. Basi mtu akitaja sababu, yatupasa kumwuliza: kamba yake imepita wapi?

Na tutwae mfano wa ziwani. Mvuvi mwenye umri wa miaka 35 avimba tumbo, kisha atapika damu. Ndugu zake wauliza, "Nani amemtupia?" Yamkini ugonjwa wake ni kichocho cha matumbo, ambacho kimeenea sana kando ya ziwa letu. Mtu mwenye ugonjwa alijisaidia kando ya maji. Mayai ya mnyoo yakaanguliwa majini. Vijidudu vikaingia katika konokono, vikazidi humo mwezi mmoja au zaidi. Kisha vikatoka, vikapenya ngozi ya mtoto aliyekuwa akioga, kwa dakika chache tu. Minyoo ikakaa mwilini ikitaga mayai, na mayai yakaliumiza ini polepole kwa miaka mingi. Aliyeanzisha jambo na aliyeumizwa labda hawakuonana kamwe. Kweli, sababu ilikuwa mbali, tena ya zamani. Lakini kila hatua yake ina mahali na ina siku, na kila hatua yaweza kukatwa: kwa choo, kwa maji safi, kwa dawa ya prazikwanteli ikitolewa mapema. Kamba iliyoonekana yaweza kukatwa. Isiyoonekana haikatwi, watu humkata mtu badala yake.

Wala sisemi kwa mfano. Tangu miaka ya 1970 bibi wazee wengi wameuawa Usukumani kwa kushutumiwa uchawi, na mara nyingi ushahidi ulikuwa macho yao mekundu. Nayo macho hayo yana kamba fupi iliyo wazi: bibi amepika miaka hamsini mbele ya moshi wa kuni na wa samadi kavu. Mwanafunzi yeyote akae jikoni jioni moja, ataona macho yake mwenyewe yakigeuka.

Walimu wenzangu, hatuna haja ya kuitupa hadithi ya wazee ili kuyafundisha hayo, maana mwisho wake watufaa. Husimuliwa kwamba Masala Kulangwa alipolipasua zimwi, alimkata bibi kizee mmoja sikio pasipo kukusudia. Bibi akaghadhibika, akataka kumroga. Je, kijana alimwua? La. Alitafuta dawa, akamponya sikio. Hata katika nchi ile isiyojua mbali wala karibu, hasira ya bibi ilikuwa na sababu yake, nayo ilikuwa jeraha. Na shujaa alilitibu jeraha.